Tepe Nyekundu za Njia ya Pili

Haya ni kweli tupu, hayajatiwa chumvi hata punje. Na kama kuna chui ndani yake, ni kwa sababu chui alikuwepo.

Mzee alikuwa kiongozi wa safari za milimani, mstaafu aliyegoma kustaafu. Siku hiyo alikuwa bondeni na wageni watano pale mto ulipofurika ukafunga njia waliyoingilia. Binti yake, mkuu wa msafara, alikunjua ramani juu ya goti.

"Baba, njia ya pili ya kutokea ni hii ya ukingoni. Uliichora wewe. Uliipita?"

Kwao ilikuwa sheria: anayechora njia ya dharura huipita kwanza kwa miguu yake, akifunga utepe mwekundu kila kona. Mzee aliichora akiwa kitini, goti limevimba, chai pembeni.

"Niliipita. Hata chui nilikutana naye, tukapishana kwa adabu."

Wageni walicheka. Binti hakucheka. "Haya, tangulia."

Akatangulia. Nyuma yake mgeni mmoja, mwalimu aliyeteguka kifundo cha mguu, alikuwa akichechemea. Chini, maji yalikuwa yameshameza jiwe walilokuwa wamekalia. Kona ya kwanza, hakuna utepe. Ya pili, hakuna.

"Tepe ziko wapi, baba?"

"Nyani, mwanangu. Wanapenda vitu vyekundu."

Kona ya tatu kijia kikawa chembamba kama ubao wa kitanda, na mbele ukungu mtupu. Mzee alinyanyua mguu. Akamsikia mwalimu anavyohema nyuma yake, akaurudisha.

"Mwanangu, sijawahi kukanyaga hapa."

Binti akageuka. "Turudi njiapanda. Ile njia ya mbuzi inayoanzia pale ni ndefu, lakini niliipita Jumanne. Upesi, kabla maji hayajafika."

Yalifika. Wa mwisho alivuka njiapanda yakiwa magotini. Kutoka hapo walifuata tepe, kona kwa kona, mpaka juu.

Jumatatu, ofisini, mzee alikuwa akisimulia jinsi alivyombeba mwalimu mgongoni. Mwalimu, na fimbo yake, akakohoa mlangoni.

"Mzee wangu, si mimi niliyekukokota goti lilipogoma?"

Binti akasukuma furushi la tepe mezani. "Njia zote nane ulizochora, baba. Kwa miguu yako. Na kwanza andika ukweli hapo kwenye ramani."

Mzee akachukua kalamu, akaandika pembeni mwa ramani: *Hapakuwa na chui.* Kisha akainama, akafunga kamba za viatu.