Kura Moja ya Kituo Changu

Nimejilaza kwenye kochi mchana huu, viatu miguuni, redio inarudia kwamba mimi, Rwegoshora, nimeshindwa urais, na kwamba kwenye kituo changu mwenyewe, pale shuleni, nimepata kura moja. Moja! Tulikwenda wawili, mimi na mke wangu, Mama Jovin. Usingizi unanibeba nikiwa bado nalitafuna neno hilo, na mara nipo barabarani, barabara haina mwisho, kila mji ninaoingia ni ule ule, shule ile ile, na mbele yangu anatembea wakala wa kura asiye na uso. Namuuliza, aliyeninyima kura ni Mama Jovin, siyo? Anajibu, mheshimiwa, aliyekunyima anakupenda kuliko wote. Hee! Na huyu naye katumwa. Tunapita. Mji huu mimi ni mwalimu mkuu, nasaini ripoti za wanafunzi. Unaofuata ni mbunge, nasaini barua. Unaofuata ni waziri, nasaini mpaka kidole kinauma, hata sisomi tena, na kwenye kila dirisha Mama Jovin ananitazama. Miaka ishirini na nane ananipigia pasi mashati ya kampeni, kumbe! Namfokea palepale. Msaliti mkubwa wewe, toka nyumbani kwangu, nenda kwa hao waliokununua. Analia, nami najisikia vizuri, Mungu anisamehe.

Wakala anafungua sanduku. Karatasi ya kwanza ina alama ya vema kwenye picha yangu, safi kabisa. Hii ya nani? Ya mkeo, anasema. Na ya pili? Ya pili imeharibika. Naipokonya. Vema ipo, kwenye picha yangu, na chini yake ipo saini yangu, na mkia wake mrefu, na tarehe nimeweka. Karatasi yenye saini haihesabiwi, mheshimiwa, ananiambia, si sheria mliipitisha wenyewe? Mama Jovin, naita, nisamehe, ni mimi mwenyewe, Mama Jovin! Naita mji huu, naita na ule, mpaka nafumbua macho. Nipo kwenye kochi, redio imezimwa. Mke wangu amesimama mlangoni, kavaa kitenge cha safari, begi mkononi, macho mekundu.

Unaniitia nini, Baba Jovin? anasema. Si umenifukuza sasa hivi?