Siku ya Lupe Kusema Mbele ya Kanisa

Dada yangu Fuatino alikuwa mwaka wa pili kwenye mashamba ya matofaa huko New Zealand, na Jumapili ya Watoto hiyo binti yake Lupe, wa miaka mitano, angesema kanisani mistari yake ya kwanza ya kukariri. Mimi ndiye fundi wa mnara wa simu hapa kisiwani Savai'i, basi kazi ya kumrushia mama yake video, na jamaa wengine walio ng'ambo watazame, ikaniangukia.

Simu yangu ni kuukuu. Mtu akipiga, mnara huiita kwanza kwa ishara, nayo huiacha video papo hapo ili ipishe sauti, upokee usipokee. Nilishauonya ukoo mzima asinipigie mtu. Wote waliitikia.

Mtoto wa kwanza hajamaliza, shangazi Salafai akapiga kutoka Brisbane.

"Fonoti, mbona picha imeganda?"

"Imeganda kwa sababu umepiga, shangazi."

"Haya, nakata. Ikiganda tena nitakupigia nikwambie."

Picha ikarudi kwa kujivuta, na jamaa wa Sydney nao wakapiga kuuliza kulikoni. Ukoo wetu haujui kuona jambo limekwama ukanyamaza. Nilikuwa nimekasirika kweli. Lupe alipoitwa mbele nilikuwa natafuta pa kuzuia simu zote, na ikalia tena. Nusura niikate, nikaona jina la Fuatino.

"Picha siipati kabisa, kaka," alisema. "Niachie sauti tu, nimsikie."

Sauti yake ilikuwa safi, kama amekaa benchi la nyuma. Nikajiona mjinga. Asubuhi nzima nilikuwa nimepigana na simu ya sauti, kitu pekee ambacho mtandao wenyewe hukipa njia.

Nilikwenda mbele nikachutama. Lupe alikuwa amekunja gauni lake jeupe ndani ya ngumi, kimya, na mchungaji alikuwa amemwashiria mara mbili. Nikamwekea simu sikioni. Alisikiliza, halafu akamnong'oneza mama yake mistari yote, neno kwa neno. Kanisa halikusikia kitu.

Akanirudishia simu.

"Mama amesema nirudie, watu nao wasikie," aliniambia. "Usikate, mjomba. Bado yupo."

Nikainyanyua juu. Lupe akawageukia watu na kusema kwa sauti mpaka mwisho. Kwenye kioo niliona Salafai anapiga tena, nikamwacha angoje.