Uke Wenza na Kinu

Watu wa hapa kwetu Isogami, pwani ya Japani, wanasema kinu chetu cha nyuklia kilizimwa salama, bila kisa wala mkasa. Wanasema hivyo kwa sababu hawakuwa jikoni kwangu siku ile.

Mume wangu, Kunio, alirudi kutoka kwenye sherehe ya kukizima akiwa amevaa tai nyeusi, ile ya msibani. Akaketi, akala wali wake na samaki wa kuchachushwa kwa pumba za mpunga, akanywa chai, ndipo akasema, "Mama Satsuki, wameniomba nibaki."

"Ubaki wapi?"

"Kituoni. Kazi ya kuvunja. Wanataka watu waliokuwepo wakati wa kujenga."

"Mpaka lini?"

"Mpaka turbini zitoke. Kama miaka mitano, sita. Kuvunja chote ni miaka thelathini, lakini mimi huko sitafika."

Thelathini! Kukijenga kulichukua minne. Hata talaka za matajiri haziendi pole pole namna hiyo.

Nisieleweke vibaya. Kunio hakuwahi kuwa na mwanamke wa nje. Afadhali angekuwa naye, maana mwanamke unamfuata mlangoni kwake, unamtukana, unarudi nyumbani roho imetulia. Mke mwenza wangu mimi alikuwa kinu, na kinu hakitukaniki. Tulipooana, ghuba kilipo kinu ilikuwa bado inamwagiwa zege. Baba yangu alikuwa ameshauza mashamba yake ya mpunga ya juu ya ufuo, kama walivyouza wote. Barabara ikaja, shule ikapata bwawa la kuogelea, na wanaume waliokuwa wakienda Osaka kila majira ya baridi kutafuta vibarua wakabaki majumbani. Majumbani kwa wengine, nasema. Wangu alibeba mabomba, akajifunza vali, kisha akawafundisha wenzake, na kila mwaka kinu kiliposimamishwa kukaguliwa alilala huko huko. Satsuki alizaliwa wakati wa ukaguzi. Baba yake alikuja kumwona mtoto ameshapewa jina, akinuka sabuni ambayo si ya nyumbani kwetu.

Hiyo sabuni ndiyo iliyonimaliza. Eneo la ndani la kituo huingii na nguo zako. Unavua zote, mpaka chupi, unavaa za kituo, na ukitoka unaziacha, kwa sababu ya vumbi lenye mionzi. Zinafuliwa mle mle ndani. Kwa hiyo tangu kinu kiwashwe, kuna wanawake wengine waliomfulia mume wangu chupi, na mkubwa wao alikuwa mjane mmoja anaitwa Bi Torigoe. "Watu wa ufuaji kule wanajua kazi," Kunio alizoea kusema, tena mezani, mbele yangu. "Ukivaa shati lao unajiona mtu." Mashati yangu aliyavaa tu. Wahenga walisema wivu ni kidonda, ukishiriki utakonda. Mimi nilishiriki na sikukonda. Nilinenepa kwa hasira.

Lakini nilivumilia, kwa sababu aliniahidi: siku kinu kitakapozimwa, naye amezima, haendi tena kazini. Nilitaka jambo hilo moja tu, miaka iliyobaki iwe yangu. Tuhamie Kanazawa kwa Satsuki, tubaki hapa hapa tukilima figili, kwangu yote sawa.

"Uliniahidi," nikamwambia.

"Niliahidi kikizimwa. Hakijavunjwa."

"Kwa hiyo hata maiti yake unataka kuiosha wewe?"

Akafikiri kidogo, kana kwamba nimemuuliza swali la maana. "Maiti huoshwa na aliyemjua marehemu," akasema, akaenda kuoga.

Nililia ngoa mbele ya sahani chafu, sioni aibu kusema. Kesho yake, kwenye duka la ushirika, nikakuta tangazo: ufuaji wa kituo unataka wanawake. Kuvunja kunachafua nguo kuliko kuendesha. Nikasema vema. Mume asipokuja nyumbani, nyumba itamfuata.

Kunio alicheka mpaka akapaliwa. "Wewe? Ukafue? Si unanung'unika kila siku kwa mashine yetu moja!"

"Hapa nanung'unika bure, Baba Satsuki. Huko nitanung'unika kwa mshahara."

Bi Torigoe nilikuwa nimemchora akilini miaka mingi. Nilimchora mrefu, mweupe, mwenye shingo. Nikakuta kimama kifupi chenye mikono kama ya mkandaji unga, kofia yake ya kazi imefunika nyusi. Aliniangalia, akaigeuza kofia yangu niliyoivaa nje ndani.

"Kuku mgeni hakosi kamba mguuni," akasema. "Karibu. Hapa tunafua, tunapima mionzi, tunakunja. Isiyopita kwenye kipimo inarudi majini. Umbea ruksa, kuimba marufuku. Una swali?"

Nilikuwa nalo, na nilikuwa nimelibeba kwa miaka. "Nguo za Kunio Hamaji huwa unaziweka upande gani?"

Wanawake wote wakaacha kukunja. Kisha wakacheka.

"Upande gani!" Bi Torigoe akajifuta macho. "Dada yangu, humu hakuna nguo ya mtu. Kuna kubwa, kuna za kati, kuna ndogo. Akivua zinaingia kwenye lundo, kesho anavaa mwingine. Kwani huyo Hamaji ni yupi?"

"Wa turbini. Yuko hapa tangu mwanzo."

"Mrefu?"

"Mfupi."

"Mh. Wafupi ni wengi."

Hivyo ndivyo nilivyopokonywa adui yangu. Ungedhani nilifurahi. Sikufurahi hata kidogo. Mtu uliyemwekea kijicho miaka yote hiyo, kumbe hata mumeo hamjui! Nilikunja mashati mpaka vidole vikafa ganzi, nikijiuliza: kama si yeye, basi ni nini Kunio alikuwa anakipata huku asichokipata kwangu?

Jibu lilikuja wiki hiyo hiyo. Yule wa dirishani, anayewagawia wanaume nguo kabla ya kuingia, aliugua mafua. Bi Torigoe akanisukuma. "Kaa wewe. Unawaangalia mabega, unawapa saizi, basi. Usipige soga, foleni itafika baharini."

Nikakaa, kofia mpaka kwenye nyusi, barakoa mpaka chini ya macho. Wanaume wakapita mmoja mmoja, wameshafungia nguo za nyumbani kwenye makabati, wamejifunga taulo. Wengine waliguna, wengine waliinamisha kichwa. Kisha nikaona vidole vya miguu ninavyovijua.

Kunio hakuinua macho. Alinyoosha mikono yote miwili na kuinama, kuinama kwenyewe kule alikomwinamia baba yangu siku alipokuja kuniposa, ambako tangu hapo sikukuona tena. Akasema kwa sauti laini, "Asante kwa taabu zenu za kila siku. Ni kwa sababu yenu tunaingia salama na kutoka salama."

Sauti hiyo! Nyumbani ana maneno matatu: chakula, maji ya kuoga, nalala. Roho ikaniuma kama imechomwa sindano. Nilimwonea wivu mwanamke aliyesimama dirishani pale, nikatamani kumrarua, na mwanamke mwenyewe nilikuwa mimi.

Akashika shati. Nikalishikilia. Akavuta, nikavuta.

"Samahani, mama, nadhani ni..."

"Rudia," nikasema.

Akainua kichwa. "Mama Satsuki?"

"Rudia ulichosema. Safari hii ukiniangalia."

"Watu wanangoja."

"Wangoje. Mimi nimengoja tangu nywele zangu zikiwa nyeusi."

Nyuma, kijana mmoja aitwaye Ohira akapaza sauti, "Mzee Hamaji, kulikoni huko? Umepewa saizi ya mtoto?" Foleni nzima ikaangua kicheko. Kunio alisimama pale na taulo lake, mkono mmoja kwenye shati, kama mtu aliyeulizwa jina lake akalisahau. Nilijua anaweza kuondoka. Nilijua pia kwamba akiondoka, nitakwenda Kanazawa jioni ile ile, peke yangu.

Akainama. "Asante kwa taabu zako," akasema.

"Za wapi?"

Masikio yalimwiva. Nyuma yake hapakuwa na anayecheka tena. Nadhani kila mmoja wao alikuwa na mtu wake wa kumshukuru.

"Za nyumbani," akasema.

Ndipo nikaliachia shati.