Malkia Wanane wa Imelda

Imelda alilisoma jarida la klabu akiwa amesimama mlangoni, koti hajalivua, na damu ikamchemka. Ukurasa wa nne ilikuwapo programu yake, mstari kwa mstari, na juu yake jina la Solomon, mwenyekiti.

Klabu ile ya wapenzi wa kompyuta za zamani ilikutana kila Jumamosi asubuhi katika ukumbi mmoja wa Frogtown, mtaa wao huko Marekani. Waliwasha mashine za miaka ya themanini, zile za kuunganishwa na televisheni, wakazipa mafumbo. La mwezi uliopita lilikuwa la malkia wanane: wapange kwenye ubao wa sataranji pasiwe na anayeweza kumla mwenzake, kisha kompyuta itafute njia zote. Ziko tisini na mbili. Programu ya Solomon ilichukua karibu saa nzima kuzipata. Ya Imelda, dakika kumi na moja. Solomon akaomba nakala akaiangalie vizuri, na Imelda akampa, tena kwa furaha.

"Mama Wema, si mchezo tu huo?" alisema mumewe, Godlisten. "Achana nao."

"Mchezo, ndiyo, lakini wangu! Niliuanza kidato cha pili kule Moshi, wasichana arobaini tukigombea kompyuta moja. Leo mtu aniibie mchana kweupe, nicheke?"

Jumamosi alisimama mbele ya wanachama wote, jarida mkononi. "Programu hii ni yangu."

Solomon alitabasamu kama anayebembeleza mtoto. "Imelda, watu wawili wanaweza kufikia wazo moja."

"Sawa. Mstari wa ishirini umeandika SA. SA ni nini?"

"Ni jina tu. Nilichagua herufi zozote."

"Na MA? Na MS?"

"Zozote."

Imelda akachukua kalamu, akaandika ubaoni: safu, malkia, mshazari. "Mashine hii inatambua herufi mbili tu za mwanzo wa kila jina. Mimi nilifikiri kwa Kiswahili. Wewe usiyejua hata neno lake moja, ulifikiri kwa lugha gani?"

Dinah, mhariri wa jarida, akavua miwani. "Solomon, uliniambia umeiandika mwenyewe."

Solomon aliiva uso mpaka masikioni. Akasema eti ni kupitiwa, eti kazi za wanachama ni za klabu nzima. Dinah akaahidi masahihisho mwezi ujao.

"Mwezi ujao wa nini?" Imelda alifoka. "Nakala za jarida zilizobaki si hizi hapa mezani?"

Basi Solomon akaketi na kalamu, akakata jina lake na kuandika la Imelda kwenye nakala thelathini na mbili. Tatu za kwanza alikosea herufi, Imelda akamrudishia. Alipomaliza alivaa kofia akatoka bila kuaga.

"Ameandika jina lako?" Godlisten aliuliza jioni, aliposimuliwa.

"Kwa mkono wake."

"Kwa hiyo umeridhika."

"Hata kidogo," alisema Imelda. "Samahani hajaisema. Jumamosi nakwenda tena."