Miaka Aliyopunguza Mihayo

Mwezi wa kwanza mwaka 1958 mume wangu Mihayo alilala na malaria, nikaenda mimi kulipa deni la nyumba. Miaka mitatu alikuwa akienda mwenyewe, kila siku ya mshahara, amevaa koti kama anakwenda kanisani. Akirudi alitundika koti na kusema, "Mama Tereza, mwezi mwingine umekufa." Nami nilifurahi. Nilidhani deni ni kama magunia ya pamba gatini: ukishusha moja, yamebaki pungufu ya moja.

Nyumba ilikuwa Kirumba, Mwanza, vyumba vitatu na sebule, bati mpya tupu, sakafu ya saruji. Tulikopa shilingi elfu mbili katika ofisi ya mikopo mjini, tulipe shilingi kumi na sita na senti sabini na tano kwa mwezi. Mihayo alikuwa fundi wa boila za stima za ziwani, pale gatini, na mshahara wake ulitosha kulipa hizo na kula.

Karani wa ofisi aliitwa Seif, kijana mwenye kalamu mbili mfukoni.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nimeleta pesa ya Mihayo. Na kama hutachoka, niambie tumebakiza ngapi."

Akafungua kitabu kikubwa, akapitisha kidole. "Elfu moja mia nane sitini na moja, na senti hamsini."

"Hapo umesoma mtu mwingine."

"Mihayo wa Kirumba, fundi boila?"

"Ndiye. Lakini ametimiza miezi thelathini na sita leo. Tumetoa mia sita na tatu. Mimi niliishia darasa la tatu kwa masista, ila kutoa najua."

Seif hakucheka. Alinigeuzia kitabu. "Tazama, mama. Hizi ulizoleta sasa hivi: kumi na mbili na senti arobaini na nne ni riba, za ofisi. Nne na senti thelathini na moja ndizo zilizogusa deni."

"Nne?"

"Nne na senti thelathini na moja."

"Na mwezi ujao?"

"Mwezi ujao riba itapungua."

"Itapungua ngapi?"

Akakohoa kidogo. "Senti tatu."

Senti tatu. Kitumbua kimoja nilikuwa nauza senti tano. Nilimshukuru, nikatoka, nikapita soko la Mwaloni bila kununua hata samaki niliyetumwa.

Nyumbani nilichukua mkaa, nikaandika kwenye ukuta wa jiko, maana karatasi hatukuwa nayo. Mwaka mmoja wa malipo ni shilingi mia mbili na moja. Miaka ishirini je? Nilirudia mara tatu, nikidhani nimekosea sifuri. Jibu lilikuwa lile lile: elfu nne na ishirini. Tulikuwa tunajenga nyumba moja na kulipa mbili, na ile ya pili hakuna mtu angelala ndani yake.

Mihayo alipopata nafuu nilimwita jikoni. Alisimama na blanketi mabegani, akatazama ukuta.

"Umechafua ukuta mpya, mama Tereza."

"Soma."

Akasoma. "Sasa? Wenye pesa lazima wapate chochote. Ni kama kubilisa." Kwetu Usukumani mwenye ng'ombe wengi humpa mwenzake wachache awatunze. Anayetunza anakunywa maziwa, ndama ni wa mwenye ng'ombe. "Sisi tunakunywa maziwa. Tunalala ndani, mvua hainyeshi juu yetu. Ndama wao waende."

"Ng'ombe wa kubilisa akifa, unampelekea mwenyewe ngozi, mnasameheana. Mshahara wako ukifa, tutampelekea Seif ngozi gani?"

"Mshahara wangu utakufaje?"

"Gatini wanastaafishwa na umri gani?"

Alijua nilikokuwa nakwenda. Siku Waingereza walipoingia Mwanza mwaka 1916 kumfukuza Mjerumani, Mihayo alikuwa mtoto wa miaka tisa, anachunga ndama Buhongwa. Habari hiyo alizoea kuisimulia kila mgeni. Kwa hiyo mwaka tuliokopa alikuwa na miaka arobaini na minane. Lakini ofisini, walipomwuliza umri, alisema thelathini na mitano. Cheti cha kuzaliwa hakuwa nacho, hakuna aliyebisha, na nywele alikuwa amezinyoa.

"Walisema deni lazima liishe kabla ya miaka hamsini na mitano," akasema taratibu. "Ningesema kweli, wangenipa miaka saba tu. Shilingi thelathini na moja kwa mwezi, mama Tereza. Nilisikia mtu mwingine akipigiwa hesabu hiyo. Nikaona haziwezekani. Nikapunguza miaka, na wao wakapunguza malipo."

"Miaka saba ya thelathini na moja ni kama elfu mbili na mia sita. Umepunguza umri, bei ya nyumba ikapanda karibu elfu na mia nne."

"Sikujua."

"Hata mimi sikujua. Sasa tunajua. Una miaka hamsini na mmoja. Ukipungukiwa nguvu, miezi mitatu bila kulipa nyumba inauzwa. Lazima tumalize kabla kifua chako hakijachoka na ule moshi."

"Kwa pesa ipi?"

"Ya sebule."

Hapo ndipo tulipogombana. Sebule ilikuwa na viti vinne vya mninga na picha ya arusi yetu, na Mihayo alikuwa anakusanya pesa ya redio aiweke kwenye meza ya katikati. Alisema hakujenga nyumba ili aishi chumba kimoja kama kuli. Nilisema ndiyo, aliijenga, lakini bado si yake. Siku mbili hakula chakula changu, alikula kwa majirani, nao wakaja kuniuliza kama nimesafiri. Siku ya tatu alihamisha viti mwenyewe.

Sebule ikapangwa na Bi Mwanaharusi, fundi cherehani, mwanamke wa mji mwenye ulimi mwepesi. Alitoa shilingi kumi na mbili kwa mwezi. Chumba kimoja wakaingia makuli wawili, shilingi nane. Sisi tukabaki na vyumba viwili, watoto kimoja, sisi kimoja, viti vya mninga vikiwa juu ya kabati miguu hewani. Nami asubuhi nilipeleka uji na vitumbua gatini. Kwa mwezi tulipata shilingi thelathini za ziada, na zote nilizipeleka kwa Seif pamoja na zile za kawaida.

"Jirani," Bi Mwanaharusi aliniambia, "huu uji wako ukizidi maji, makuli watapiga mbizi humo watafute unga."

"Wakizama nitauza nguo zao. Wewe shona."

Mwezi wa pili, wa tatu, wa nne, wa tano, wa sita. Mwezi wa saba niliuliza tena tumebakiza ngapi, nikitegemea kusikia jambo jema.

Seif akapitisha kidole. "Elfu moja mia nane thelathini na tisa na kitu."

Nilishika meza. "Mwanangu, nimeleta mia na hamsini za juu."

"Ziko, mama, hazijapotea. Zimeandikwa huku: malipo ya mbele. Hamdaiwi hata senti mpaka mwezi wa tatu mwaka kesho. Mnaweza kupumzika."

"Na riba inapumzika?"

Akanitazama vizuri, kama ndiyo kwanza anaona nimesimama pale. "Hapana. Riba inahesabiwa juu ya deni, na deni halijaguswa. Utaratibu ni huo: pesa ya ziada isiyo na maelezo inangojea miezi ijayo. Ukitaka ikate deni lenyewe, iwepo barua."

"Miezi mitano hukuniambia."

"Hukuniuliza, mama. Na mimi nilidhani mnajiwekea akiba." Akainamisha kichwa. "Ningekuambia. Samahani."

"Nipe karatasi niandike."

"Aandike mkopaji. Jina ni la mzee."

Nilimpa Mihayo habari hiyo akiwa anavua viatu. Mwanzo alifurahi: miezi tisa bila deni, redio imepatikana! Nilipomweleza barua, uso ukabadilika.

"Barua hapana. Wakifungua faili langu wataona umri. Watasema nimedanganya, watachukua nyumba leo badala ya kesho."

"Faili hilo linafunguliwa kila mwezi ninapolipa."

"Linafunguliwa na karani. Barua inakwenda kwa mkubwa."

"Baba Tereza, ng'ombe yumo zizini kwetu, tunamlisha, na bado kila mwezi tunapeleka ndama. Nimefunga pembeni ndama thelathini kila mwezi tumrudishie mwenyewe ng'ombe wake tuwe huru. Ndama wamesimama uani miezi mitano, wanakula majani, hakuna aliyepokea. Wewe unaogopa kusema neno moja."

Akasema kichwa kinamuuma. Nilimngoja. Nilimngoja Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Kila akitoka kazini nilikuwa nimekaa mlangoni na koti lake mapajani, limepigwa pasi. Alhamisi Bi Mwanaharusi, aliyekuwa amesikia yote kupitia ukutani, alichungulia dirisha la sebule.

"Mzee Mihayo, livae basi. Mwenzio kalipiga pasi mara nne, litaungua."

Akalivaa. Tulikwenda wote wawili.

Seif alitoa fomu ya kuandikia ile barua. Mihayo alikaa wima, jasho likimtoka, na kabla hajaulizwa lolote akasema kwa sauti ya kusikika mpaka uani: "Mimi sina miaka thelathini na minane. Nina hamsini na mmoja. Nilidanganya."

Karani wa meza ya pili aliinua macho. Seif alifunga kalamu, akaifungua.

"Mzee," akasema, "fomu hii inauliza jina, namba, na kiasi. Umri haumo."

"Haumo?"

"Haumo. Na masikio yangu leo yana maji, nilioga ziwani." Akasogeza karatasi karibu. "Ila kama mtu wa umri huo angeniuliza mimi, ningemwambia alipe upesi sana."

Mihayo hakuwa mwandishi. Nilimtajia maneno, naye akayaandika kwa herufi kubwa za mtoto wa shule: PESA YOTE YA ZIADA IPUNGUZE DENI LENYEWE. Zile mia na hamsini zikavushwa siku ile ile. Seif akaandika hesabu mpya, akanigeuzia kitabu bila kuombwa: elfu moja mia sita na themanini na tisa. Kwa mara ya kwanza niliona namba imeshuka kama mtu anayeshuka mlima, si kama anayeshuka kitanda.

Tangu hapo kila mwezi nilifuta ukutani na kuandika tena. Kuna miezi nilipeleka thelathini za ziada, na kuna miezi mtoto aliugua nikapeleka kumi. Mwaka wa 1960 makuli walihama na chumba kikalala tupu miezi miwili. Sikuruka hata mwezi mmoja. Hata senti hamsini nilipeleka, na Seif aliandika senti hamsini.

Siku ya Uhuru, watu wote walikuwa uwanjani, ngoma kila kona, wanawake na vitenge vipya. Mihayo alivaa koti akaniambia twende tucheze.

"Nitakuja na vitumbua."

"Leo? Siku ya Uhuru unauza vitumbua?"

"Watu huru hawali?"

Nilikuwa nimekaanga mia nne. Nilipofika uwanjani mkono ulikuwa unanikatika kwa uzito wa karai, nikasikia limekuwa jepesi ghafla. Mihayo alikuwa ameshika upande wa pili, koti lake mwilini. Alitembea nami kati ya watu akiita, "Vitumbua! Vitumbua vya Uhuru, moto moto!" Bi Mwanaharusi alicheka mpaka akakaa chini. Viliisha kabla ya saa nane mchana. Tukacheza kidogo, karai likiwa kichwani mwangu.

Mwezi wa nne mwaka 1962 tulilipa shilingi ya mwisho. Nilijumlisha vyote tangu mwanzo: elfu mbili mia nane na tano. Ni pesa nyingi kwa nyumba ya elfu mbili, sitaki mtu anidanganye kwamba ni kidogo. Lakini elfu moja mia mbili na kumi na tano zilibaki kwetu, na hazikuwahi kuitwa ndama wa mtu. Seif alitukabidhi hati, akaipiga mhuri mara mbili, mmoja kwa furaha tu.

Mwezi wa nane mwaka ule ule, saa nne asubuhi, nilimwona Mihayo anakuja njiani na kikopo chake cha chakula kikiwa hakijafunguliwa. Hakuwahi kurudi saa nne. Kifua kilikuwa kimemshinda ngazini, na mkubwa wa gati alimwambia imetosha, aende akapumzike.

Aliketi kwenye kizingiti, akavuta pumzi. Bi Mwanaharusi alisimamisha cherehani.

"Mama Tereza," Mihayo akasema, "imekwisha. Tunadaiwa na nani?"

Nilifikiri vizuri, maana swali lile lilistahili jibu la kweli.

"Na muuza kuni. Shilingi moja na nusu."

Alicheka akakohoa, akakohoa akacheka. Kisha akainua macho kutazama juu ya kabati, viti vya mninga vilipokuwa bado vimelala miguu juu.

"Bi Mwanaharusi," akaita, "utahama lini sebuleni kwangu?"

"Nikimaliza gauni hili, mzee. Na ukinipa shikamoo."

"Mimi? Nina miaka hamsini na mitano!"

"Kwenye faili la mkopo," Bi Mwanaharusi akasema, "wewe ni mdogo wangu."