Firmin Delorge Aketi Mezani

Firmin Delorge alikuwa ameigiza katika filamu mia moja na kumi na nne, na katika zote hizo hakuwahi kuketi. Alikuwa mhudumu wa mkahawa, mtumishi wa jumba, bawabu wa hoteli. "Ndiyo, bwana." "Chakula tayari, bibi." Ufaransa nzima iliijua sura yake, jina hakuna aliyelijua. Sokoni wauza jibini walimpigia kelele, "We mhudumu, leta bili!" Naye alicheka, lakini lilimuuma, asikudanganye mtu.

Sasa Firmin alikuwa na miaka sabini na tisa, na mwongozaji mmoja, Maëlle Kerbrat, alimpa filamu nzima iwe yake. Angeigiza tajiri wa Lyon anayewaita wanawe mezani kuwaaga kabla hajafa. Maneno ya kuwaaga yalijaza kurasa tatu, na kamera isingekatizwa hata mara moja.

Alishindwa mara nne. Kila mara aliketi kwenye kiti kikubwa, akasema "Wanangu," na kilichofuata kikayeyuka. Nyama ya ndama kwenye sahani ikabadilishwa mara nne, na wapishi wakaanza kununa.

Thibault Garnaud, mtayarishaji mwenye fedha zake, alikuja na kidude mkononi. "Tia hiki sikioni, mzee. Kuna mtu atakusomea."

"Mimi si redio, kijana."

"Basi jaribu mara moja tena. Ukishindwa, kuna mwenzako hotelini ng'ambo ya barabara, ameshapimwa nguo."

Kumbe mrithi alishatafutwa baba akiwa hai! Firmin alitoka akaenda uani. Odile Vasseur akamfuata. Kazi ya huyu mama ni kuandika nani alishika nini na kwa mkono upi, ili picha zisije zikapingana. Alikuwa amemwandika Firmin daftarini kwa miaka arobaini.

"Nyumbani uliyajua maneno?" aliuliza Odile.

"Yote! Niliyasema hadi paka akakimbia."

"Ukiwa umekaa?"

Firmin alifikiri. "Nikipanga meza. Nikiosha vyombo. Tangu ujana ndivyo ninavyojifunza, mikono ikiwa kazini."

"Mzee wangu, madaftari yangu yamejaa kabati, na hakuna ukurasa hata mmoja nilioandika 'Firmin ameketi'. Usikilaumu kichwa, laumu hayo makalio."

Firmin alicheka mpaka akakohoa. Kisha akaenda moja kwa moja kwa Maëlle. "Binti yangu, niache nisimame. Niwapakulie mwenyewe."

"Tajiri apakue?" Thibault alidakia. "Ana watumishi watatu!"

Maëlle alirudi nyuma ya kamera. "Anakufa, Thibault. Mtu anayekufa hufanya anachotaka. Kamera!"

Firmin akasema, "Wanangu." Akanyanyuka, akalipokea bakuli kutoka kwa mtumishi, akajitupia kitambaa mkononi kama alivyofanya maisha yake yote. Kijiko kilipozama kwenye mchuzi, maneno yakaja. Alizunguka meza taratibu, akimpakulia kila mmoja fungu lake. Kwa mwanawe mkubwa alisimama.

"Pascal, nilikununulia kila kitu," alisema, "lakini sikukupakulia hata siku moja."

Ndivyo ilivyoandikwa kwenye karatasi, neno kwa neno. Lakini kijana aliyeigiza Pascal, aliyekuwa amepiga miayo mara nne, alilia kweli, machozi yakadondokea kwenye sahani. Firmin akamfuta shavu kwa kile kitambaa, kisha akaendelea hadi neno la mwisho.

Maëlle alisahau kusema "kata". Wa kwanza kupiga makofi walikuwa mafundi wa taa, watu ambao huwa hawampigii makofi mtu yeyote, kisha chumba kizima kikalipuka. Wapishi walikuja mbio kuuliza kama kuna moto.

Firmin alijibwaga kwenye kiti kikubwa. Alikuwa na furaha iliyompa kizunguzungu, na njaa kali vilevile. Thibault alisogea, masikio mekundu, kidude kimefichwa mfukoni. Alichukua sahani safi, akaishika kwa mikono miwili.

"Bwana Delorge," alisema, "nikupakulie?"

Odile akafungua daftari lake na kuandika: 'Firmin ameketi'.

"Nipakulie," alisema Firmin, akijitandazia kitambaa mapajani. "Na mchuzi usinibanie."