Beki wa Kushoto Kutoka Ng'ambo ya Mto

Nimedaka golini miaka kumi na saba, yote katika ligi za chini, na mabeki waliosimama mbele yangu ni wengi mno. Wengine hata sura zao zimenitoka. Severyn Palahniuk namkumbuka mpaka kile kikohozi chake kifupi kila kona ilipokaribia kupigwa. Alicheza kushoto, jezi namba tatu. Misimu mitano ya mwisho ya mpira wake tulikuwa pamoja, timu ya Mlynar ya Dubovets, daraja la pili, ambalo kwetu Ukraine ni ngazi ya tatu ukihesabu kutoka juu.

Dubovets ni mji mdogo wa magharibi. Una kinu cha unga, ambacho ndicho mwenye timu, na uwanja wenye jukwaa upande mmoja tu. Severyn hakuwa mtu wa huku. Alizaliwa Hola Balka, kusini kabisa, ukingo wa kushoto wa mto Dnipro, kwenye mchanga na matikiti na jua la kupasua midomo. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka sita. Akalelewa na baba yake, Panas, aliyekuwa dereva wa mashine ya kuvunia ngano, pamoja na bibi mzaa baba, Motrya. Panas ndiye aliyemfundisha kupiga mpira kwa mguu wa kushoto. Haukuwa utaalamu wowote. Ukuta wa ghala waliokuwa wakiupigia mpira ulikuwa na dirisha upande wa kulia, na Panas alishachoka kununua vioo.

Alipofika miaka kumi na mitatu akapelekwa mjini kwenye shule ya mpira, na akiwa na miaka kumi na minane akaweka saini mkataba wa kwanza. Tangu hapo alipita timu nane. Mkataba wa mwaka mmoja, kisha mwingine wa mwaka mmoja, kama mpangaji asiyeaminiwa na mwenye nyumba. Timu tatu zilikufa yeye akiwa ndani yake. Kuna timu ambayo wachezaji walijifulia jezi wenyewe. Kuna nyingine ambayo basi lao lilikwama kwenye theluji, wakafika uwanjani zimebaki dakika ishirini mechi ianze, wakashuka wakacheza, wakashinda. Hadithi hiyo aliipenda sana, na kila alipoisimulia theluji iliongezeka kina.

Mara moja tu mlango wa juu ulifunguka kidogo. Alikuwa na miaka ishirini na minne, timu moja ya Ligi Kuu ikamchukua kwenda naye Uturuki kwenye mazoezi ya majira ya baridi. Akakaa wiki tatu, akacheza mechi nne za kirafiki. Mwisho wakamwambia aende nyumbani, watampigia. Aliniambia mwaka ule mzima alikuwa anaoga na simu ipo juu ya kabati la bafuni. Hawakupiga.

Hilo lilimuuma, lakini si lililomuuma zaidi. Lililomkaa rohoni ni kwamba baba yake hakuwahi kumwona akicheza mpira wa kulipwa, hata mechi moja. Masika kulikuwa na kulima, kiangazi kulikuwa na kuvuna, na Panas hakuwa mtu wa kuacha ngano ya watu shambani akaenda kutazama mpira. Alijaribu mara moja. Timu kubwa ilipangiwa kucheza Kombe la Taifa dhidi ya timu ndogo ya Severyn, Panas akaomba ruhusa, akakata tiketi, akafika mpaka stesheni ya treni. Hapo jirani akampigia simu: mama yako ameanguka uani, nyonga imevunjika. Akarudi. Tangu siku ile bibi Motrya hakuinuka tena kitandani, na Panas hakutoka tena Hola Balka.

Kila mwaka alimwambia mwanawe kwenye simu kwamba atakuja mwakani.

Kisha vita vikaja, na mto ukawa mpaka wa moto. Severyn na mkewe Solomiya walikuwa huku kwetu. Baba na bibi wakabaki kule, kwenye ardhi iliyotwaliwa na Warusi. Ligi ilisimama miezi kadhaa, halafu ikaanza tena. Wenzetu wawili walikwenda jeshini, mmoja akarudi. Sisi tuliobaki tulikuwa tumeandikwa kinuni, asubuhi tunabeba magunia ya unga, mchana mazoezi. Watazamaji waliruhusiwa kwa idadi ile tu ambayo chumba cha chini cha shule, pembeni ya uwanja, kingeweza kuwahifadhi king'ora cha mashambulizi ya anga kikilia. Wengine walitazama mtandaoni. Jamaa mmoja alipanda na kamera yake juu ya kibanda cha mtangazaji, akarusha mechi zetu kwa watu thelathini, arobaini, siku nzuri sitini.

Miongoni mwa waliokuja uwanjani hakukosa Mama Stefa, mjane, muuza mbegu za alizeti. Alikaa mstari wa pili, na Severyn alikuwa halali yake.

"Palahniuk!" alikuwa akimwita. "Nikuletee kigoda, au utamsubiri winga umesimama?"

Jukwaa lilicheka. Severyn hakuwahi hata kugeuka.

Baridi ile ya mwaka wa pili wa vita goti lake la kulia lilianza kuvimba kila baada ya mazoezi. Daktari akamweleza waziwazi kwamba gegedu limelika, mfupa unasaga mfupa, aache mpira sasa hivi kama anataka kutembea vizuri uzeeni. Yeye akawa anachomwa sindano na kucheza. Mimi ni rafiki yake, nikaona siwezi kunyamaza. Siku moja, tukiwa tunavua njumu baada ya mechi, nikamkabili.

"We mzee, daktari kakuambia nini?"

"Kasema goti limekwisha."

"Sasa?"

"Sasa msimu haujaisha."

"Severyn, hapa hakuna mtu atakayekujengea sanamu. Tupo nafasi ya saba."

Akatoa simu, akafungua ukurasa wa mechi yetu ya siku ile.

"Soma hapo. Wangapi wametazama?"

"Thelathini na wanane."

"Mmoja ni baba."

Akanieleza. Kule Hola Balka mtandao haukamatiki ila juu ya ghala la nafaka, na askari walikuwa wakikagua simu za watu njiani. Panas, mtu wa miaka sitini na mitano, alikuwa akipanda ngazi ya chuma siku za mechi, anakaa kule juu na simu kifuani. Mechi ikiisha anatuma ujumbe mmoja, anafuta kila kitu, anashuka. Severyn akanionyesha wa siku ile. Ulisema: "Dakika ya 61 umechelewa kurudi. Kula vizuri."

Sikumwambia tena habari ya daktari. Nikaelewa pia jambo lililokuwa likimkasirisha kocha Zenoviy: kile kipindi ambacho Severyn alikuwa upande wa karibu na kamera, alipanda mbele kuliko alivyoagizwa.

Mwezi wa tatu ujumbe ukakatika. Mechi ya kwanza kimya, ya pili kimya, ikafika wiki ya tano. Kila tulipoingia chumba cha kubadilishia nguo Severyn alikuwa wa kwanza kufungua begi kutazama simu na wa mwisho kwenda kuoga. Solomiya alimwambia mke wangu kwamba mumewe anazungumza usingizini, na anazungumza kwa lafudhi ya kwao, ile aliyoiacha utotoni.

Wiki ya sita ukaingia. "Mama amefariki Jumanne. Nimemzika karibu na baba. Nimefunga nyumba. Nakuja."

Zamani kutoka Hola Balka mpaka kwetu ilikuwa treni ya siku moja. Sasa Panas alilazimika kuzunguka: kuingia Urusi, kupanda nayo mpaka juu kaskazini, kutokea Latvia, kushuka Lithuania, Poland, ndipo arudi nchini mwake kupitia mlango wa nyuma. Kwenye kituo kimoja cha ukaguzi walimweka siku tisa wakimhoji. Severyn akawa anahesabu kwenye kalenda ya ukutani. Mechi ya mwisho ya msimu ilikuwa Jumamosi, mwanzo wa Juni, nyumbani kwetu. Mkataba wake uliisha siku hiyohiyo, na yeye mwenyewe alijua goti halitavuka hapo. Akamwomba Solomiya aweke kiti mstari wa mbele. Kwa hesabu zake baba angefika Alhamisi.

Alhamisi ikapita. Ijumaa jioni ukaja ujumbe kutoka mpakani: "Foleni ni ndefu. Nitatazama kwenye simu."

Jumamosi Severyn alianza kikosini. Sijui alitoa wapi miguu ile. Dakika ya arobaini alipiga krosi ya chini, ikapita mbele ya mabeki wao wote, mshambuliaji wetu akaigusa tu ikaingia. Nilimwona anageuka kuelekea kamera, akainua mkono kidogo, kisha akaushusha kama mtu aliyejizuia. Tulikuwa tunaongoza moja bila. Dakika ya sitini na nne king'ora kikalia.

Tukashuka wote chini ya shule: sisi, wapinzani, waamuzi, watazamaji. Tukakaa kwenye madawati ya watoto, magoti yamegusa videvu. Saa nzima ikapita, na nusu yake. Jasho likatukaukia mwilini. Severyn alinyoosha mguu kwenye ubao wa benchi na nikaona goti likijaa polepole kama mkate uliotiwa hamira. Kengele ya usalama ilipolia, watu wakaanza kupanda. Yeye akashika ukuta, akainuka, akakaa.

"Nipe dakika mbili," akamwambia kocha.

Kocha Zenoviy akampa tano. Mwamuzi akaja mlangoni mara mbili. Severyn akajaribu tena, na safari hii mguu haukukunjuka kabisa. Hakulia wala hakulaani. Alivua kitambaa cha unahodha, akanipa mimi, akasema, "Nenda, Yarema. Msiwaruhusu wapige krosi kutoka upande wangu."

Tukapanda tukamwacha. Beki wa akiba akaingia, na bao la kusawazisha lilitokea upande huohuo. Sare ya bao moja kwa moja, ndivyo ilivyoisha. Nimeona wachezaji wakiagwa kwa maua na makofi. Yeye mpira wake uliishia chini ya ardhi, kwenye dawati la darasa la pili, huku akisikia vishindo vyetu juu.

Hakuwa peke yake, lakini. Mama Stefa hakupanda na wenzake. Ndiye aliyenisimulia baadaye. Alikwenda akakaa karibu naye, akamwekea mbegu za alizeti kiganjani, wakawa wanamenya.

"Mwanangu," akamwambia, "nimekusimanga miaka mitano. Hukunijibu hata siku moja."

"Nilikuwa nahema, mama," Severyn akasema.

Panas alifika Jumanne mchana. Severyn hakuweza kuendesha gari, kwa hiyo nilimpeleka mimi stendi. Alishuka mzee mfupi, kofia imemfika masikioni, mkoba mmoja tu. Walikumbatiana muda mrefu. Kisha kila mmoja akamwambia mwenzake amekonda.

Ndani ya gari walikaa nyuma, wote wawili. Nilisikia mzee anakohoa kikohozi kilekile kifupi.

"Mechi iliporudi sikukuona," akasema. "Nikadhani ni mtandao. Nikawahesabu. Kumi na mmoja, wametimia, na wewe haumo."

"Goti, baba."

"Wiki mbili? Mwezi?"

"Nimemaliza. Sichezi tena."

"Kabisa?"

"Kabisa."

Nilimtazama kwenye kioo. Mzee alikuwa amegeukia dirishani, kwenye mashamba yetu ya kijani yenye maji hadi mitaroni.

"Huku mvua mnayo," akasema. Tulikuwa tumeshaingia mjini alipoongeza, kwa sauti ya chini, "Mimi nikawa nasema mwakani, mwakani."

Severyn akamshika mkono. Sikutazama tena kwenye kioo.

Alipasuliwa goti vuli ile. Sasa anachechemea kidogo baridi ikizidi, na yuko kinuni siku zote, kwenye mizani. Panas anaishi nao. Hakuzoea udongo wetu mzito wala maji yetu ya kisima, na Hola Balka anaitaja kama mtu anayetaja chumba cha pili cha nyumba yake: kule koleo lipo nyuma ya mlango, kule mapeasi ya mwaka huu yatakuwa yameanguka yenyewe. Lakini mpira ameushika. Kila mechi ya nyumbani yupo, mstari wa pili, anabishana na Mama Stefa kuhusu mambo ambayo wote wawili hawayajui.

Severyn haji. Mwezi uliopita nilikwenda kwao nikamuuliza sababu. Nilidhani ataniambia inamuuma kuona wengine wakicheza. Alikuwa ameketi jikoni, Solomiya anatuwekea chai.

"Nilikwenda mara moja, pamoja na baba," akasema. "Tulikaa bega kwa bega. Akawa anamfuata namba tatu kwa macho, yule mpya. Akipanda, baba anainuka. Akichelewa kurudi, baba anatikisa kichwa. Mechi nzima, Yarema. Hakugeuka kunitazama hata mara moja. Wakati wa mapumziko nikamuaga, nikarudi nyumbani."

Hakusema kwa uchungu. Alisema kama mtu anayeeleza hali ya hewa ya mahali alikotoka. Mimi nikakoroga chai ambayo haikuwa na sukari. Kisha mlango wa nje ukafunguka, Panas akaingia akipangusa matope viatuni, akaniona, na kabla hata ya kunisalimu akaniuliza Jumamosi tunacheza na nani.